Nilimjibu Daktari kwa Mdomo wa Mpakani, Askari wa Damu Yangu Wakiwa Wameisha

Bwana asifiwe, watu wa kanisa la Masinya! Wale wa viti vya nyuma sijawasikia. Bwana asifiwe tena! Haya, sasa naona mmeamka.

Mimi ni Rosa, mke wa Egesa, yule mama wa mukene. Wengi wenu mlikuwa mmeshaanza kunililia nikiwa bado hai. Nawajua kwa majina, na nimewasamehe. Mama mkwe ameniomba leo niseme kwa kifupi. Nimemwambia, mama, kusema kwa kifupi ndiko kulikotaka kuniua, kwa hiyo leo nitasema yote. Mnaona madaftari haya mawili mkononi mwangu? Haya ni madaftari yangu ya hospitali. Nitawaeleza kwa nini ni mawili na kwa nini nimeyashona pamoja.

Ndugu zangu, kazi yangu mnaijua. Nashuka Majanji, kule ziwani, kununua mukene mkavu, nauza Busia, upande huu na upande ule. Dagaa huyu huku kwetu Uganda anaitwa mukene. Akishavuka tu mpaka, anaitwa omena. Ni yule yule, macho yale yale, harufu ile ile, jina tu ndilo limebadilika. Basi na mimi nilikuwa hivyo hivyo. Nilizaliwa upande wa Kenya, na kule mimi ni Nafula, binti wa baba yangu, na kitambulisho ninacho. Huku nimeolewa, mimi ni Rosa Egesa, na kitambulisho ninacho. Msinitazame hivyo! Nusu ya kanisa hili mna vitambulisho viwili, tusidanganyane mbele za Bwana.

Na kuna jambo lingine la watu wa mpakani. Mtoto wetu, kabla hajajua kuomba, anajua neno moja. Askari akikuuliza umebeba nini, sema hakuna. Kikapu kimejaa sukari, hakuna. Mtoto yuko mgongoni na chini ya mtoto kuna sabuni, hakuna. Mimi neno hilo nililijua kuliko jina langu. Halikuwa hata uongo tena, lilikuwa linatoka lenyewe kama chafya.

Sasa, mwaka jana shingo yangu ilivimba. Ni rovu. Mwanzo ulikuwa uvimbe mdogo, nikaufunika kwa kitambaa. Lakini moyo ukaanza kwenda mbio hata nikiwa nimekaa. Mikono ikatetemeka, nikawa siwezi kupima mukene bila kumwaga. Nikakonda, macho yakatoka nje, jua dogo tu jasho linanitiririka. Sokoni wakaanza kunong'ona. Mnajua walinong'ona nini.

Nikavuka, nikaenda kliniki ya upande ule, nikaandikisha jina langu la kule, Nafula. Walinipima vizuri, wakanipa vidonge vya kutuliza ile tezi ya shingoni. Na yule nesi, Mungu ambariki, alinishika mkono akaniambia: Nafula, vidonge hivi ni vizuri, lakini kwa watu wachache vinaharibu damu. Ukiona koo linauma na homa inapanda, acha kuvimeza siku hiyo hiyo, uje upimwe. Akaliandika. Liko hapa, ukurasa wa pili, kwa mwandiko wake. Mimi nilitikisa kichwa. Nilikuwa na magunia nje na wingu la mvua lilikuwa limesimama, nikatikisa kichwa ili aniachie niende.

Vidonge vilinisaidia, sitasema uongo. Moyo ulitulia, nyama zikarudi mwilini, nikaimba tena kwaya. Kisha mwezi wa pili wa kuvimeza, Jumatatu moja, nikaamka koo linawasha. Nikasema ni vumbi la mukene. Nikasukutua maji ya chumvi, nikanywa tangawizi. Jumanne koo likawa kama nimemeza miiba, na vidonda vikatoka mdomoni, ndani ya mashavu na chini ya ulimi. Homa ikapanda.

Homa ikipanda moyo unakwenda mbio, si ndiyo? Na mimi nilikuwa nimezoea kwamba moyo ukienda mbio ni rovu. Basi nikafanya nini? Nikaongeza vidonge! Badala ya kuacha, nikameza mara mbili. Niliambiwa acha, nikazidisha. Ndugu zangu, ujinga una bidii sana.

Na kuna kitu kingine kilichonidanganya. Mama yangu alinifundisha kwamba kidonda chenye usaha ndicho cha kuogopa, kisicho na usaha ni kidogo, kitapona chenyewe. Nikachukua simu, nikawasha tochi, nikatazama koo kwenye kioo. Jekundu kabisa, lakini usaha hata tone. Nikajiambia, Rosa, hiki ni kitu kidogo.

Jumatano nikaona siwezi tena. Nikaenda kwenye kliniki ndogo ya upande wetu huu, nikanunua daftari jipya, nikaandika juu yake Rosa Egesa. Lile la kule nililiacha sandukuni. Kijana wa maabara akanitoa damu, akaitazama kwenye darubini, akarudi akanitoa tena. Mara ya pili alirudi uso umebadilika. Akasema, "Mama, askari wako wameisha. Nenda hospitali ya Tororo leo, usilale hapa."

Askari wameisha! Nani kati yenu mwenye umri wangu hajui maana ya maneno hayo? Sisi tuliozika kaka na dada zetu tuliyasikia sana. Askari wa mwili wamepungua, maana yake ilikuwa moja tu, ule ugonjwa. Mimi sikuuliza swali hata moja. Nilichukua daftari langu nikaenda nyumbani, nikajifungia. Yule kijana hakukosea. Alisema kweli tupu. Mimi ndiye niliyesikia la kwangu.

Mume wangu Egesa anafanya kazi Osukuru, anakuja nyumbani Jumamosi. Sikumpigia. Nilifikiri, nikimwambia, ataniuliza nimeutoa wapi, au mimi nitamuuliza yeye. Nikanyamaza. Wanakwaya wenzangu walikuja kuniona, nikawaambia ni damu tu imepungua. Mioyo yenu mizuri, jamani! Mkaniletea maji ya bitiruti. Mkaniletea maini na mchicha. Kila kitu chekundu kilichoko Busia kilifika kitandani kwangu. Kumbe mimi nilikuwa nimepungukiwa na kile cheupe! Na hata hivyo sikuweza kumeza, koo lilikuwa limefunga. Kitu pekee nilichojilazimisha kumeza, machozi yakinitoka, ni vile vidonge.

Niliomba, ndiyo. Lakini nataka kusema ukweli juu ya maombi yangu. Sikuomba niponywe. Niliomba nifichwe. Nilisema, Bwana, mtu yeyote asijue. Yako maombi ya namna hiyo, na ninawaambia msiyaombe.

Alhamisi mchana akaja Zaituni. Yule pale, kiti cha tatu, mwenye ushungi wa kijani. Msimtazame sana, ataondoka. Zaituni ni jirani yangu, tunagawana ukuta mmoja. Yeye ni Mwislamu, mume wake Hamisi ni dereva wa lori. Tumegombana mimi na yeye juu ya maji ya kufulia mpaka mtaa mzima unajua. Siku hiyo alikuja kununua mukene wa mchana, akanikuta natetemeka chini ya mablanketi mawili jua likiwa kali nje. Hakuuliza habari. Akasema, "Rosa, unataka kufa na mimi nipo hapa nakutazama? Simama." Nikasimama. Zaituni akisema simama, unasimama. Hamisi alikuwa anapeleka mzigo Tororo, wakanipandisha mbele kwenye lori, Zaituni akanishika kichwa njia nzima.

Tororo nilipokelewa na daktari mmoja mama, Daktari Athieno, mtu mpole, lakini macho yake hayakosi kitu. Alisoma daftari la Rosa. Akanitoa damu tena. Kisha akakaa kitandani kwangu, akaniuliza, "Mama Egesa, kuna dawa yoyote unakunywa nyumbani?"

Nikasema, "Hakuna."

Akagusa shingo yangu. Akaniuliza hii ilitibiwa wapi. Hakuna. Akauliza kama kuna dawa ya kienyeji au vidonge vya dukani, chochote. Hakuna. Mara tatu, ndugu zangu! Nimelala pale na mauti, naulizwa na mtu anayetaka kuniokoa, na mimi namjibu kana kwamba ni askari wa forodha aliyenikamata na sukari!

Mtaniuliza kwa nini. Nilifikiri hivi: nikitaja vidonge, watauliza vilitoka wapi. Nikisema Kenya, watauliza jina gani. Nikisema Nafula, watasema huyu si Rosa, huyu si wetu, mtoeni kitandani. Hakuna aliyesema hivyo. Mimi peke yangu nilikuwa nimejenga mahakama kichwani, nikajihukumu.

Walinipima UKIMWI, ule ugonjwa niliouogopa. Haukuwepo. Daktari aliniambia mwenyewe, nikalia. Na hata baada ya hapo, vidonge sikuvitaja. Ukishasema hakuna mara tatu, kusema kipo kunahitaji nguvu ambayo sikuwa nayo.

Akamulika koo langu kwa tochi, akasema hakuna usaha. Mimi nikafurahi, nikajaribu kutabasamu. Akatikisa kichwa. Ndipo akanifundisha jambo ambalo nataka kila mama hapa alisikie.

Alisema, damu ina chembe nyekundu zinazobeba hewa, na ina chembe nyeupe. Nyeupe ndizo askari. Zinazaliwa ndani ya mifupa, kwenye uboho, ule ule tunaounyonya kwenye mfupa wa ng'ombe sikukuu. Kutoka pale zinaingia kwenye damu na kuzunguka mwili mzima, mchana na usiku. Si za aina moja. Ziko zenye kumbukumbu. Ugonjwa uliowahi kukupata zinaujua sura, ukirudi zinautengenezea silaha yake, na ndiyo maana tunawachanja watoto. Na ziko zile za mbele, zinazokimbia kwanza. Mwiba ukikuchoma, kijidudu kikiingia kooni, hizo zinafika, zinakimeza kizima kizima, na nyingi zinafia hapo hapo. Haziishi sana, kwa hiyo uboho lazima uzae nyingine kila siku. Usaha ni nini? Akasema, usaha ni mizoga ya askari hao. Ukiona usaha, ujue kuna waliopigana. Koo lako, Mama Egesa, limejaa vijidudu na halina usaha, kwa sababu hakuna aliyekuja kupigana. Wale wa mbele karibu wote hawapo.

Kisha akasema, wewe ni mtu wa Busia, fikiria mpaka hauna askari hata mmoja. Ndugu zangu, nilicheka! Koo liliuma, lakini nilicheka. Sisi wa Busia tukisikia mpaka hauna askari si tunashangilia? Daktari akacheka pia. Halafu akaacha kucheka, akasema, "Kuna kitu kinawaua kule wanakozaliwa. Sikijui. Nitakupa dawa za kupigana badala yao, lakini kama hicho kitu kinaendelea kuingia, mimi natwanga maji tu. Fikiria vizuri, mama."

Nilifikiri. Na vidonge nilikuwa navyo ndani ya sidiria, vitatu, nimevifunga kwenye nailoni. Jioni ile nikameza kimoja.

Ijumaa asubuhi Zaituni akarudi. Alikuwa ameenda Busia na Hamisi kunichukulia leso na uji. Leso zangu zinakaa sandukuni. Na sandukuni, chini ya leso, nilikuwa nimeficha daftari la Nafula na chupa ya vidonge, nimeviviringisha kwenye mfuko uliokuwa na mukene. Zaituni akaingia na mfuko ule. Daktari alikuwepo. Nikamtolea Zaituni macho. Nikatikisa kichwa hivi, kidogo, asiutoe. Aliniona. Tumekaa ukuta mmoja miaka, anajua nikitikisa kichwa ninasema nini. Akauweka mfuko mkononi mwa daktari, akasema:

"Mimi kusoma kizungu sijui. Lakini karatasi ya hospitali ni ya daktari. Nimeleta yote."

Daktari akafungua. Chumba kikanuka samaki. Akasoma ukurasa wa kwanza, akasoma wa pili, akaishika ile chupa akaisoma. Akaniuliza kwa sauti ya chini, "Nafula ni nani?"

Hapo, ndugu zangu, ndipo nilipookolewa. Msifikiri ni baadaye. Ni hapo. Kwa sababu neno lilikuwa limeshafika mdomoni, nalisikia kwenye ulimi pamoja na vile vidonda. Hakuna. Simjui. Ni la dada yangu. Na nikamwita Yesu moyoni, si kwa maneno mengi, nilimwita tu jina. Nikasema, "Nafula ni mimi." Nikaingiza mkono kifuani nikatoa vidonge viwili vilivyobaki, nikampa.

Hakunigombeza. Hakumwita polisi. Hakuuliza hata kidogo habari ya vitambulisho. Alishusha pumzi ndefu, akasema, sasa nimekipata. Akaeleza kwamba vidonge si sumu, vinasaidia watu wengi sana, lakini mwili wangu mimi ni wa wale wachache ambao uboho wao unakataa kuzaa askari vikiingia. Kuanzia saa hiyo sikumeza tena. Nikahamishiwa chumba cha peke yangu. Dawa za kuua vijidudu zikapitishwa kwenye mshipa. Kila anayeingia ananawa na kufunika mdomo. Matunda ya watu yalibaki nje, na waliokuja kuniombea waliombea dirishani. Daktari alisema mafua ya mtu mzima kwako sasa ni simba.

Nikamwambia, nitangoja mpaka askari wazaliwe tena. Na safari hii niliomba tofauti. Nilisema, Bwana, mimi Nafula, mimi Rosa, mwili ni huu mmoja, sifichi tena. Nikaamua sifi. Sikuamua kwa kiburi. Nina mtoto darasa la tatu, na nilikuwa na mambo ya kusema. Kila asubuhi walinitoa damu, kila asubuhi jibu lilikuwa bado. Siku ya kwanza bado. Siku ya pili bado. Homa ilikuwa inashuka na kupanda. Nilijifunza kusema, basi kesho.

Jumamosi Egesa akafika kutoka Osukuru, mdomo umefunikwa, macho mekundu. Nikamwambia yote, kuanzia lile neno askari mpaka nilivyomdhania. Halafu akasema, "Mimi nafikiri wewe nachoka na mimi, ndiyo maana hapigi simu. Mimi nakaa hapa. Nakwenda wapi?" Akakaa. Kiswahili cha mume wangu mnakijua, lakini siku ile sikuwahi kusikia kizuri zaidi.

Asubuhi ya siku ya saba Daktari Athieno akanimulika kooni kama kawaida. Akamulika tena. Akamwita nesi aje kuona. Nikaogopa, nikauliza kuna nini. Akasema, "Usaha, mama! Kuna usaha!" Na yule mama mpole akapiga makofi.

Askari walikuwa wamerudi! Uboho ulikuwa umezaa, nao wamefika kooni, wamepigana, na mizoga yao ile pale, myeupe, kwenye koo la Rosa! Nimemshukuru Mungu kwa mvua, kwa watoto, kwa mavuno. Sikujua nitafika siku ya kumshukuru kwa usaha. Nilimshukuru kwa sauti, na koo liliniuma, sikujali. Majibu ya damu ya mchana yakasema vile vile, wanaongezeka. Siku chache baadaye nikameza uji wa Zaituni, nikamwambia sukari haitoshi, akajua nimepona.

Rovu lilitolewa baadaye kwa upasuaji, maana vidonge vile mimi sivigusi tena mpaka naingia kaburini. Kovu ni hili. Silifuniki na kitambaa.

Zaituni, dada yangu, nakushukuru mbele ya kanisa. Nilikutikisia kichwa ukakataa kunitii. Maji ya kufulia tutaendelea kugombania, lakini ukigonga ule ukuta saa yoyote, nitafungua.

Ndugu zangu, wako hapa leo watu wenye daftari la pili. Nalijua, kwa sababu mimi ndiye niliyelificha vizuri kuliko ninyi nyote. Mwingine amelificha Kenya, mwingine kwa mganga, mwingine chini ya godoro la mama yake. Unakuja mbele kuombewa, unaulizwa kuna shida gani, unasema hakuna. Unakwenda hospitali, unaulizwa unakunywa dawa gani, unasema hakuna. Mwamini Bwana. Mwamini kweli, kiasi cha kufungua mdomo. Yeye ndiye aliyeweka askari ndani ya mifupa yako kabla hujajua jina lao, na wanakupigania hata sasa ukiwa umekaa hapo unasinzia. Usiwaue kwa kunyamaza.

Haya madaftari nimeyashona kwa uzi wa nyavu, wa Majanji, haukatiki. Juu nimeandika majina yote, Nafula Rosa Egesa, na jina la kile kidonge kwa wino mwekundu. Nikienda hospitali yoyote, upande wowote, nayaweka mezani kabla sijakaa.

Mungu anayajua majina yako yote mawili. Daktari hayajui. Mwambie.